Je, wajua kwa nini nguo mpya ya filamu huchakazwa kabla ya kuvaliwa?

Tuseme filamu inapigwa Bagamoyo, Mji Mkongwe, na hadithi ni ya miaka ya 1870: wapagazi wanatua pembe za ndovu walizobeba miguu mitupu kutoka bara. Shuka ya mpagazi imetoka kwa fundi jana jioni. Akivishwa hivyohivyo, hata mtoto ataona ni nguo ya jana.

Hapo mbunifu wa mavazi huanza kuichakaza, na kazi hii inataka akili kuliko kushona. Nguo huchakaa kwa kufuata shughuli za mwenyewe. Mpagazi hubebea begani, basi mahali panapokaa begani ndipo panaposuguliwa kwa msasa na brashi ya waya hadi nyuzi zilegee. Weupe huondolewa kwa kuloweka kitambaa kwenye chai ya rangi. Shati la mvuvi lina mambo yake: mabega hupauka kwa jua, lakini chini ya kola na kwapani rangi hubaki. Ukilipausha lote sawasawa, mtu wa pwani atakugundua mara moja.

Tena si nguo moja. Mpagazi akianguka topeni, huenda tukio likarudiwa mara tano, kwa hiyo hushonwa shuka kadhaa, zote zikiwa na tundu palepale.

Kitambaa chenyewe nacho kina historia. Enzi hizo misafara ilibeba merikani, pamba isiyopaushwa iliyopewa jina la nchi ilikotoka, na kaniki. Kanga yenye jina kwa herufi za Kirumi ilikuja karne ya 20. Ikitokea kwenye filamu hiyo, hadithi nzima imeharibika. Kosa hili huniuma sana, maana ni letu kulijua.

Mara nyingi nguo na mandhari huwa na wabunifu wawili tofauti. Catherine Martin wa Australia hufanya zote mbili, na alipata Oscar za mavazi na za mandhari kwa Moulin Rouge! na tena kwa The Great Gatsby. Faida yake ni kwamba ukuta na nguo hutoka kichwa kimoja. Pale Mji Mkongwe kuta ni za mawe ya matumbawe na chokaa. Mpagazi akiegemea ukuta kupumzika, anapoinuka mgongo wake uwe na chokaa hiyohiyo.