Mji unaoelea unaotawala saa za dunia: hebu tuujenge tuone unakwama wapi

Nafanya kazi maabara ya vipimo, upande wa muda, na kila wakija vijana kutembelea lazima mmoja aulize swali lilelile. Ameona mahali picha ya mji unaelea mawinguni, katikati mnara, juu ya mnara saa moja kubwa, na huo mji ukishasema ni saa sita basi dunia yao nzima ni saa sita. Kitu kama hicho kinawezekana? Huwa siwacheki maana swali ni zito kuliko linavyoonekana, tunaujenga huo mji palepale kwa maneno.

Tuanze na kuelea majini. Saa ya pendulamu, ile yenye uzito unaoning'inia na kubembea, baharini ni kazi bure, chombo kikiyumba nayo mwendo wake unaharibika, na hili liliwatesa sana mabaharia wa zamani kwa sababu bila saa ya kuaminika huwezi kujua longitudo uliyopo, yaani umefika wapi kwa mashariki au magharibi. Dunia inazunguka digrii 15 kwa saa, kwahiyo saa yako ikikosea dakika 4 tu umekosea digrii nzima, na pale ikweta hiyo ni kama kilomita 111, yaani unaweza kuivamia miamba huku unajiona uko mbali nayo. Aliyelimaliza ni fundi wa Uingereza John Harrison, akatengeneza saa yenye umbo la saa ya mfukoni ila kubwa kama kisahani, mwaka 1761 ikapandishwa meli kwenda Jamaica na kufika kule ilikuwa imechelewa sekunde 5 hivi. Basi majini tunaweza.

Sasa tuupandishe hewani, na hapa ndo vijana wanaanza kuniangalia vibaya, maana saa iliyo juu inaenda haraka kuliko iliyo chini. Saa haijaharibika jamani, muda wenyewe ndo uko hivyo, karibu na dunia unaenda taratibu kidogo na ukipanda unaongeza mwendo. Mji ukielea kilomita 10 juu, saa yake itaitangulia ya usawa wa bahari kwa nanosekunde kama 94 kila siku, na nanosekunde ni sekunde moja umeikata vipande bilioni moja. Utasema si kitu, lakini setilaiti za GPS ziko kilomita kama 20,200 juu na ukipiga hesabu yote, pamoja na ile kasi yake inayozichelewesha kidogo, saa zake zinatangulia mikrosekunde 38 kwa siku (mikrosekunde moja ni nanosekunde elfu), muda ambao mwanga unakimbia zaidi ya kilomita 11, ndo maana zimerekebishwa kabisa zisituchanganye. Tabu ya mji wetu ni kwamba unapanda na kushuka na upepo, saa yake leo ina mwendo huu kesho ule, utarekebisha mpaka uchoke.

Lakini kilichouua mji kwangu mimi ni ile saa kuwa moja. Siku ikikosea nani atajua? Saa yetu bora kabisa hapa maabara haina mishale wala haina uzuri wowote, ni boksi la kijivu lenye waya nyuma, ndani atomi za seziamu, na sekunde moja ni mitetemo 9,192,631,770 ya mawimbi yanayoendana na hizo atomi, hivyo ndo ilivyokubaliwa tangu 1967. Na bado hatuiamini peke yake. Kuna siku fundi wa viyoyozi alisahau mlango wazi wikiendi nzima, joto likapanda chumbani, saa inaonekana iko sawa tu haina neno, tumekuja kugundua baadae tulipoilinganisha na za wenzetu, mchoro umepinda kama mkia wa paka.

Ndo dunia inavyofanya. Saa za atomiki zaidi ya 400, kutoka maabara kama 80 za nchi mbalimbali, zinatuma vipimo vyake kwenye ofisi moja ya kimataifa ya vipimo inaitwa BIPM, iko Sèvres nje kidogo ya Paris, haielei popote. Pale wanapiga wastani, saa iliyotulia inapewa uzito mkubwa, inayoyumba inapewa kidogo, na jibu lake ndo msingi wa UTC, muda rasmi wa dunia ambao nchi zinapangia saa zake. Kinachonichekesha ni kwamba mwaka 1884 kule Washington, nchi zilipokubaliana Greenwich ya Uingereza ndo iwe meridiani ya sifuri, yaani mstari wa kuanzia kuhesabu longitudo, Ufaransa haikupiga kura, na hata ilipokuja kukubali mwaka 1911 sheria yake iliandika muda wa Paris uliocheleweshwa dakika 9 na sekunde 21, mradi tu neno Greenwich lisionekane. Leo hesabu ya muda wa dunia inapigwa kwao.

Na mzunguko wa dunia nao una maringo yake, hauendani sawasawa na atomi, kwahiyo tangu 1972 tumeshaongeza kwenye UTC sekunde 27 za ziada, ya mwisho usiku wa kufunga mwaka 2016. Kompyuta hazizipendi kabisa, ile ya Juni 2012 iligandisha seva nyingi, mpaka mwaka 2022 nchi zikakubaliana huu utaratibu ubadilishwe kufikia 2035. Binafsi sitaukumbuka.

Majibu ya ile hesabu yanatoka mara moja kwa mwezi, kwenye jedwali, kila maabara na mstari wake, inaambiwa ilipishana na UTC kwa nanosekunde ngapi mwezi uliopita. Safari iliyopita binti mmoja akanikatisha hapohapo, akatoa simu yake akaniuliza, sasa kama saa ya kweli ya leo mtaijua mwezi ujao, hii hapa inaonyesha nini?

Makisio, nikamwambia. Mazuri sana, lakini makisio.