Umri wa mimba: hesabu huanza na hedhi, si na siku mliyokutana

Tangu sheria za kazi zirekebishwe mwaka 2025 na mama anayejifungua mtoto njiti aongezewe likizo, kliniki yetu ya mama na mtoto hapa Moshi imekuwa na wageni ambao zamani hatukuwa nao: waume wenye barua za mwajiri mkononi, maofisa utumishi wanaouliza mtoto alizaliwa wiki ya ngapi, na kina mama wanaoomba tarehe ya kwenye kadi "irekebishwe kidogo tu". Wapo pia wale wa siku zote, waliopima altrasaundi mara tatu wakapewa tarehe tatu. Na wapo wanaokuja wakiwa wameshagombana. Nimeona niandike, maana jambo hili ukilieleza dirishani huku foleni inasubiri, halieleweki.

Nianze na la ugomvi, ndilo linaloniumiza zaidi.

Mwezi Februari alikuja mama mmoja kijana na mumewe. Mume anachimba Mererani, na kama wenzake wengi alikuwa amepanda kuja Kibosho kula Krismasi. Alifika nyumbani tarehe 23 Desemba. Tarehe 4 Februari walipima altrasaundi kwenye kituo kingine, karatasi ikaandika wiki 8. Baba akahesabu tangu siku aliyofika: wiki 6 na siku moja. Wiki mbili zimetoka wapi? Alipoingia kwangu alikataa kiti. Aliweka karatasi mezani, akaigeuza inielekee, akasema, "Nesi, nisomee hapa." Mkewe alikuwa amejitanda khanga hadi kidevuni, hamtazami mtu.

Nilishusha kalenda ukutani, nikamuuliza mama siku zake za mwisho zilianza lini. Alijibu papo hapo: tarehe 10 Desemba, kesho yake ya sikukuu ya Uhuru. Nikamkabidhi baba kalamu, nikamwambia ahesabu mwenyewe, Jumatano hadi Jumatano, mpaka tarehe 4 Februari. Alifika nane. Akarudia tangu mwanzo, akafika nane tena. Ndipo akakaa.

Ile karatasi haikusema kwamba mama alikutana na mwanamume wiki nane zilizopita. Ilisema zimepita wiki nane tangu siku ya kwanza ya hedhi yake ya mwisho. Ndivyo umri wa mimba unavyohesabiwa duniani kote, kwa sababu siku ya hedhi mwanamke anaiona kwa macho, lakini siku yai na mbegu vilipokutana hakuna aliyeiona. Kwa mwenye mzunguko wa siku 28, yai hutoka karibu na siku ya 14. Kwa hiyo katika wiki mbili za kwanza za hesabu yetu mimba huwa bado haijaingia. Mashine ya altrasaundi nayo imepangwa kutumia hesabu hiyo hiyo. Ikisema wiki 8, mtoto ana takriban wiki 6 tangu atungwe.

Kina baba, nawaomba sana: mkitaka kulinganisha na safari zenu, toeni kwanza wiki mbili. Na hata mkishazitoa, msiifanye karatasi hiyo kuwa ushahidi. Yai linaweza kuwahi au kuchelewa, mbegu za mwanamume huweza kuishi ndani ya mwili wa mwanamke hadi siku 5, na kipimo chenyewe hupishana kwa siku kadhaa. Altrasaundi haionyeshi baba wa mtoto ni nani. Kinachoonyesha ni kipimo cha vinasaba, na hicho kina sheria yake ya mwaka 2009. Hufanywa na Mamlaka ya Maabara ya Mkemia Mkuu wa Serikali, na maombi hupitia kwa wanaotambuliwa kisheria, kama mahakama, wakili au ofisa ustawi wa jamii. Sisi kliniki hatukipimi wala hatutoi barua ya kukiomba. Tafadhali msituletee ombi hilo.

Sasa hesabu ya makisio, yaani tarehe tunayotarajia mtoto azaliwe. Tunatumia kanuni inayobeba jina la Franz Naegele, daktari wa uzazi wa Ujerumani aliyefariki mwaka 1851. Chukua siku ya kwanza ya hedhi ya mwisho, ongeza siku 7, rudi nyuma miezi 3. Mama wetu wa tarehe 10 Desemba anapata 17 Septemba. Aliyeanza kuona siku zake 27 Machi anapata 3 Januari. Ukihesabu siku 280 moja moja, huyu wa Machi anaangukia 1 Januari, kwa sababu miezi hailingani urefu. Tofauti hiyo isiwatie hofu. Hata lile gurudumu la karatasi tunalozungusha mezani, pini yake ya katikati ikilegea, linaweza kukupotosha siku mbili au tatu. Watoto wanaozaliwa siku ile ile ya makisio ni wachache, kama 5 katika kila 100. Mtoto akizaliwa kuanzia wiki ya 37 hatumwiti njiti, na wengi huzaliwa kati ya hapo na wiki ya 41.

Nasema siku ya kwanza ya hedhi, si ile damu ilipokata. Nalisema hili kila asubuhi, na kila asubuhi kuna anayetaja siku aliyomaliza. Siku tano zikipotea hapo, zitatufuata mpaka chumba cha kujifungulia.

Na tuache kuhesabu kwa miezi. Mama anagawa wiki 40 kwa nne, anapata miezi kumi, anaogopa kwamba mimba imepitiliza. Mwezi wa kalenda una zaidi ya wiki nne. Wiki 40 ni miezi tisa na wiki moja hivi. Kwenye kadi tunaandika wiki, na ukiulizwa taja wiki.

Kanuni hiyo inamfaa mwenye mzunguko unaoeleweka. Kwa mwenye mzunguko wa siku 35, yai hutoka kama wiki moja baadaye, kwa hiyo makisio nayo yanasogea mbele wiki moja. Aliyeacha sindano ya uzazi wa mpango anaweza kukaa miezi bila kuona siku zake, kisha akashika mimba kabla hazijarudi. Anayenyonyesha vivyo hivyo. Tena wapo wanaoona damu kidogo mwanzoni mwa mimba, wakaiita hedhi, na hesabu yao ikapungua karibu mwezi mzima. Ukiwa mmoja wa hawa, usibuni tarehe ili kumridhisha nesi. Sema hukumbuki. Tukijua hukumbuki tutakutafutia njia nyingine, lakini tarehe ya kubuni tutaiamini na kuifanyia kazi.

Njia hiyo nyingine ni altrasaundi ya mapema. Ndani ya wiki 13 za mwanzo tunapima urefu wa mtoto kutoka kichwani hadi makalioni, na jibu hukosea siku 5 hadi 7 tu, kwa sababu katika umri huo watoto wote hukua kwa mwendo unaokaribiana, wawe wa mama mrefu au mfupi. Kadiri mimba inavyokua ndivyo watoto wanavyotofautiana. Karibu na wiki ya 20 kosa linafika siku 10. Baada ya wiki ya 28 linaweza kufika wiki tatu, kwa kuzidi au kwa kupungua. Ndiyo maana Shirika la Afya Duniani, katika mwongozo wake wa mwaka 2016, linashauri kila mjamzito apate walau altrasaundi moja kabla ya wiki ya 24.

Hapa ndipo zinapozaliwa zile tarehe tatu. Mama alipima wiki ya 11 akapewa 17 Septemba, akapima tena wiki ya 24 akapewa 22 Septemba, wiki ya 33 akapewa 5 Oktoba. Anauliza ipi ni ya kweli. Ni ile ya kwanza. Mashine haina kumbukumbu ya kipimo cha nyuma. Inampima mtoto aliye mbele yake na kukuambia analingana na mtoto wa wiki ngapi. Mtoto wa wiki 33 anayelingana na wa wiki 30 na nusu huenda ni mdogo kwa asili tu, lakini huenda pia kondo la nyuma halimlishi vizuri. Tukifuta tarehe ya kwanza na kuandika mpya, mtoto anayedumaa tumboni ataonekana mzima, na sisi wenyewe tutakuwa tumeuficha ugonjwa wake. Nimewahi kuona kadi iliyofutwafutwa hivyo, na mtoto akazaliwa na kilo moja na nusu, wakati mama amefuatilia kliniki miezi yote bila kukosa. Tangu siku hiyo sikubali kalamu ipite juu ya makisio bila daktari kuandika sababu.

Kupima tumbo kwa futi kamba bado kuna kazi. Kwenye wiki ya 12 mfuko wa uzazi unaanza kuguswa juu ya mfupa wa kinena, kati ya wiki ya 20 na 22 unafika kitovuni, na wiki ya 36 unakaribia chembe cha moyo. Kuanzia wiki ya 24 hivi, sentimita zinakaribiana na wiki, kwa tofauti ya mbili juu au chini. Lakini mapacha, maji mengi, uvimbe wa kizazi, mtoto aliyelala kimshazari, hata kibofu kilichojaa, vyote huharibu kipimo. Nenda kakojoe kwanza ndipo upande kitandani. Mtoto kuanza kucheza nako hutusaidia: kwa mimba ya kwanza huwa karibu wiki ya 18 hadi 20, kwa aliyekwisha kuzaa huwahi kidogo. Bibi zetu walikisia kwa kutazama tumbo, na jicho lao nalistahi, lakini halitoshi kuamua sindano wala upasuaji.

Na maamuzi hayo yapo. Mama akishikwa na uchungu kabla ya wakati, kuna sindano za kusaidia mapafu ya mtoto kukomaa, zinazotolewa kati ya wiki ya 24 na ya 34, na moja ya masharti ya Shirika la Afya Duniani ni kwamba umri wa mimba ujulikane kwa uhakika. Usiku wa manane, mama analia kwa uchungu, kadi haina tarehe, daktari atategemea nini?

Kuna usemi kwamba mtoto wa miezi saba hupona na wa miezi minane hufa. Si kweli, na umegharimu. Wapo waliokaa nyumbani na mtoto wa saba wakijua atapona, na wapo waliokata tamaa kwa wa nane. Kila wiki anayokaa tumboni kabla ya kutimiza inamwongezea nafasi, kwa hiyo wa nane ana nafasi kubwa kuliko wa saba. Wote wawili waletwe hospitali mara moja, wakiwa wamewekwa ngozi kwa ngozi kifuani kwa mama.

Wengine husema mtoto wa kiume huchelewa, kwa hiyo tungoje. Wiki ya 41 ikitimia hatungoji. Tunamweleza mama kuhusu kuanzishiwa uchungu, kwa sababu baada ya hapo hatari ya mtoto kufia tumboni inaongezeka. Wanaolalamika kwamba tumewaharakisha mara nyingi ni wale ambao makisio yao yaliandikwa kwa kubahatisha, na hofu yao naielewa.

Mwisho ni barua za likizo. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inamtaka mfanyakazi amtaarifu mwajiri angalau miezi 3 kabla ya tarehe ya makisio, akiambatanisha cheti cha tabibu. Likizo inaweza kuanza wiki 4 kabla ya makisio, au mapema zaidi daktari akithibitisha. Ni siku 84 zenye malipo, na siku 100 kwa waliozaliwa zaidi ya mmoja. Mama haruhusiwi kurudi kazini ndani ya wiki 6 baada ya kujifungua, isipokuwa tabibu athibitishe kwamba anaweza. Kwa makisio ya 17 Septemba, taarifa iwe imemfikia mwajiri kufikia 17 Juni, na likizo inaweza kuanza 20 Agosti. Anayefungua kadi akiwa na wiki 30 amekwisha kuchelewa kutoa taarifa hiyo.

Kwa mama wa mtoto njiti, umri unaoandikwa kwenye cheti hutokana na makisio ya kwanza yaliyo kwenye kadi, si uzito wa mtoto. Mtoto wa kilo mbili anaweza kuwa ametimiza wiki zake zote. Hatuandiki wiki 35 kwa aliyejifungua wiki ya 38, hata ndugu akituomba. Kubadili tarehe kwenye kadi au cheti ni kughushi nyaraka, na chini ya Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, kughushi kunaweza kumpeleka mtu jela hadi miaka 7, yeye na mtumishi aliyemwandikia. Mtumishi mwenyewe akipatikana na kosa, baraza la taaluma nalo linamsubiri.

Anayehitaji barua aje na kadi yake halisi, si picha ya simu, pamoja na karatasi ya altrasaundi ya kwanza kama anayo na kitambulisho cha kazi. Anayehamia kwa mama yake kujifungulia, Rombo au Same, aondoke na kadi ile ile, asifungue mpya huko. Tarehe ya hedhi ikiwa imeandikwa vizuri tangu hudhurio la kwanza, barua hutoka siku hiyo hiyo. Ikiwa nafasi hiyo ni tupu, tutaanza na altrasaundi, na barua itasubiri majibu.