Waheeda Rehman hakuzaliwa Hyderabad

Kwa miaka mingi imeandikwa kwamba Waheeda Rehman, nguli wa sinema za Kihindi, ni mzaliwa wa Hyderabad, mji wa India. Sivyo. Alizaliwa mwaka 1938 huko Chengalpattu, Tamil Nadu, kusini kabisa mwa India.

Kosa hili lina chanzo chake. Ni Hyderabad ambako mwongozaji wa filamu Guru Dutt alimwona, baada ya dansi yake katika filamu ya Kitelugu, Rojulu Marayi (1955), kupendwa mno. Akamwita Bombay (sasa Mumbai) kuigiza filamu ya C.I.D. (1956). Tena ni Mwislamu mwenye Kiurdu safi, na Hyderabad inajulikana kwa Waislamu wanaozungumza Kiurdu, basi watu wakajazia wenyewe. Ajabu ni kwamba tangu utotoni alifunzwa Bharatanatyam, dansi yenye asili ya Kitamil. Hilo pekee lingewashtua waandishi.

Tuzo ya Dadasaheb Phalke, tuzo ya juu kabisa ya sinema nchini India, alitangaziwa mwaka 2023.