Dakika tano hewani: kazi na maisha ya waendesha redio wa siri, Ufaransa 1941–1944

Shirika la siri la Uingereza lililojulikana kwa herufi tatu, SOE, liliundwa Julai 1940, wiki chache tu baada ya Ufaransa kuangukia mikononi mwa jeshi la Hitler. Makao yake yalikuwa Baker Street, London. Kazi yake ilikuwa kuwapenyeza watu katika nchi zilizokaliwa na adui ili wawape wapinzani silaha na mafunzo, wavunje reli, walipue viwanda. Kundi la kawaida nchini Ufaransa lilikuwa na watu watatu. Mratibu aliongoza. Mjumbe, mara nyingi mwanamke, alizunguka kwa baiskeli na treni akipeleka maagizo. Mwendesha redio aliwaunganisha wote na London, na bila yeye hakuna rubani aliyejua silaha zidondoshwe shamba gani na usiku upi. Wenzake waliweza kufanya kazi yao kimyakimya. Yeye kila alipoifanya yake, alisikika na rafiki na adui pia.

Redio iliyotumika sana tangu katikati ya vita iliitwa B2. Ilitoshea ndani ya sanduku la kawaida la safari, na pamoja na sanduku lake ilikuwa na uzito wa kilo 15 hivi. Uzito huo ulikuwa tatizo kabla hata redio haijawashwa. Mtu anayedai amebeba nguo za siku mbili hatembei ameinamia upande mmoja, kwa hiyo mafunzo yalijumuisha namna ya kulibeba sanduku lile kana kwamba ni jepesi. Ndani yake mlikuwa na mtambo wa kutuma, wa kupokea, wa kubadilisha umeme, na nafasi ya vipuri: kitufe cha kupigia Morse (alfabeti ya milio mifupi na mirefu), visikizi vya masikioni, waya wa antena na kristali. Kristali ni kipande cha madini ya kwazi ndani ya kijumba kidogo chenye meno mawili ya chuma, na kila kimoja hutoa masafa yake maalumu ya mawimbi. Mwendesha redio alihitaji walau viwili, cha mchana chenye masafa ya juu na cha usiku chenye masafa ya chini, kwa sababu tabaka la anga linalorudisha mawimbi mafupi chini hubadilika jua linapozama. Kristali ikipasuka wakati wa kuruka na parashuti, redio nzima haina kazi, na watu kadhaa walikaa wiki nyingi bila mawasiliano kwa ajili ya kitu kisichozidi ukubwa wa kiberiti.

Antena ilikuwa waya wa mita 20 hivi. Mjini ilizungushwa darini au kwenye kuta za chumba. Mashambani ilitandazwa mtini, au ikafanywa kamba ya kuanikia nguo. Waya uliofupishwa ili usionekane ulidhoofisha mawimbi, mpokeaji wa Uingereza akaomba ujumbe urudiwe, na kurudia ndiko kulikoua watu.

Kila mwendesha redio alikuwa na ratiba yake: siku, saa na masafa aliyopangiwa. Saa ikifika, katika kituo cha Grendon Underwood, kijiji kilicho kaskazini-magharibi ya London, msichana wa FANY, kikosi cha wanawake wa kujitolea, alikuwa amevaa visikizi akisubiri. Mwito ulipigwa, kikafuata kifupisho QTC, yaani nina ujumbe, kisha herufi katika mafungu ya tano tano. Mpigaji mzuri alifikisha herufi 90 kwa dakika, kwa hiyo ujumbe wa herufi 300 ulichukua dakika tatu na ushei kama hewa ilikuwa shwari. Haikuwa shwari kila siku. Kusikiliza, kwa upande wake, hakukuwa na hatari hiyo, maana mpokeaji hasikiki mbali. Ndiyo sababu baadaye London ilianza kutangaza majibu yake kwa wote bila kutaka kuitikiwa.

Wajerumani walimwinda mwendesha redio kwa hatua tatu. Kwanza, vituo vikubwa vilivyo mbali sana, vyenye antena za kuelekezwa, vilishika sauti na kila kimoja kikachora mstari kwenye ramani. Mistari ilipokutana, mji ulijulikana. Pili yalikuja magari, yamefichwa kama ya mikate au ya kufulia nguo, yakakata mistari mipya mpaka ukabaki mtaa mmoja. Tatu walishuka watu kwa miguu, mtambo mdogo wa kupokea umefungwa tumboni chini ya koti na waya mwembamba ukipanda hadi sikioni. Palipokuwa na majengo mengi walitumia hila nyingine: walikata umeme mtaa mmoja baada ya mwingine. Mtaa ukizimwa na Morse ikanyamaza papo hapo, nyumba za kupekuliwa zimebaki chache.

Dawa ya hila hiyo ilikuwa betri ya volti 6, kama ile ya gari, kwani B2 ilikubali umeme wa nyumbani na wa betri pia. Lakini betri lazima ichajiwe, na kuchaji kunahitaji mwenye gereji anayeaminika, ambaye naye ni mdomo mmoja zaidi unaojua. Dawa ya magari ilikuwa kuhama na kuwa mfupi. Kadiri vita vilivyoendelea, kanuni ilibanwa hadi kama dakika tano hewani, kisha zima, kunja, ondoka. Waliokamatwa mwanzoni, akina Brian Stonehouse aliyenaswa karibu na Lyon Oktoba 1942, walikuwa na ujumbe mwingi mno kwa redio chache mno, wakalazimika kukaa kwenye kitufe muda mrefu. Mara nyingi mzigo huo ulitokana na waratibu waliopenda kuandika marefu. Kama kuna lawama ya kugawa, sehemu kubwa ni yao.

Sasa fumbo lenyewe, yaani namna ujumbe ulivyofichwa maana yake kabla ya kutumwa. Mpaka mwaka 1943 SOE ilitegemea shairi lililohifadhiwa kichwani. Mtumaji alichagua maneno matano ya shairi, akazipa herufi zake namba kwa mpangilio wa alfabeti, na namba hizo zikawa ufunguo. Tuchukue neno moja tu ili ionekane inavyokwenda: BAHARI. A ya kwanza ni 1, ya pili ni 2, B ni 3, H ni 4, I ni 5, R ni 6. Kwa mfuatano wa neno tunapata 3-1-4-2-6-5. Chini ya namba hizo tunaandika "ndege ije Jumatano usiku", herufi sita kila mstari:

3 1 4 2 6 5
N D E G E I
J E J U M A
T A N O U S
I K U

Kisha tunasoma kwa kwenda chini, tukianza na safu ya 1, ikifuata ya 2, mpaka ya 6. Inatoka DEAKG UONJT IEJNU IASEM U. Mtumaji halisi aliuchukua mchanganyiko huo akauchanganya mara ya pili kwa ufunguo mwingine, na ujumbe wake ulipaswa kuwa mrefu zaidi, kwa sababu herufi chache humrahisishia mvunjaji kazi. Fikiria kufanya hayo kwa karatasi ya miraba, darini, vidole vimekufa ganzi kwa baridi. Namba moja ikiwekwa vibaya, au safu moja ikisogea, ujumbe wote unafika London ukiwa takataka. Hapo zamani jibu lilikuwa kumwagiza mtumaji aurudie. Leo Marks, kijana aliyepewa usimamizi wa misimbo ya SOE mwaka 1942, aliona kwamba agizo hilo ni sawa na kumwita mtu kwenye mtego, akawapanga wasichana wa Grendon wajaribu maelfu ya makosa yanayowezekana mpaka ujumbe ufunguke wenyewe.

Shairi lilikuwa na kasoro nyingine mbaya zaidi. Likishatolewa kwa mateso, jumbe zote za nyuma zinasomeka, na shairi maarufu linaweza hata kubahatishwa. Marks akaleta funguo zilizoandaliwa tayari na kuchapwa kwenye hariri. Hariri hujificha ndani ya bitana ya koti, haichakarishi mtu anapopapaswa, na kila ufunguo ukishatumika hukatwa kwa mkasi na kuchomwa. Anayekamatwa hawezi kutoa asichokikumbuka.

Kwamba uzembe wa mwendesha redio hufungua milango, pwani ya Afrika Mashariki ilishuhudia pia, kwa upande wa pili. Mwaka 1942 wavunja misimbo wa Uingereza walihamia Kilindini, Mombasa, wakafanya kazi katika majengo ya shule ya Allidina Visram. Hapo ndipo msimbo wa meli za biashara za Japani, JN-40, ulipovunjwa mwaka huohuo, kwa kuanzia kosa la kizembe la watumaji wenyewe.

Maisha kati ya saa za ratiba yalikuwa ya upweke. Mwendesha redio aliombwa asijuane na watu, asikae baa, asilale nyumba moja na redio yake akiweza. Nguo zake zilishonwa London kwa mshono wa Kifaransa, vifungo vyake vikashonwa kwa uzi wa mtindo wa huko, lakini mazoea ya mwili hayashonwi upya. Aliyeagiza kahawa ya rangi alijitambulisha kuwa mgeni, kwa kuwa maziwa yalikuwa ya mgao na kahawa zote zilikuwa hivyo. Mwanamke aliyeomba sigara za mgao alijianika, kwani kadi hizo walipewa wanaume tu. Aliyevuka barabara akitazama kulia kwanza, kama wafanyavyo Waingereza, aliweza kugongwa au kutambuliwa, na yote mawili ni mabaya.

Wapo waliofaulu kwa kuvunja kanuni wakiwa na sababu. Yvonne Cormeau alishuka kwa parashuti Agosti 1943, akafanya kazi kusini-magharibi, Gascogne, mwaka mzima na zaidi na kutuma jumbe zaidi ya 400. Kwa miezi kadhaa hakuhama. Alikaa katika kijiji kidogo kisicho na maji ya bomba, mahali ambapo gari lolote lingeonekana kutoka mbali na ambapo hakuna Mjerumani aliyedhani Mwingereza angekubali kuishi. Siku moja alizuiwa barabarani, redio ikafunguliwa. Alikuwa na karatasi za uuguzi, akaeleza kuwa kile ni chombo cha eksirei. Akaruhusiwa kupita.

Waliokamatwa walitakiwa wajitahidi kunyamaza saa 48 za mwanzo, ili wenzao wahame. Zaidi ya hapo hakuna aliyedaiwa. Lakini redio iliyokamatwa pamoja na misimbo yake ilikuwa na thamani kuliko mtu, kwa kuwa adui angeweza kuendelea kuzungumza na London kwa jina la mateka. SOE ililijua hilo, na ikampa kila mtumaji alama mbili za usalama. Ya kwanza ilikuwa ya kudanganya, ya kutolewa ukipigwa. Ya pili, ya kweli, isitolewe kamwe. Kwa kawaida ilikuwa kosa la makusudi mahali maalumu. Isipoonekana, London ijue mtu yu mikononi mwa adui.

Huub Lauwers, mwendesha redio Mholanzi wa SOE, alikamatwa mjini The Hague tarehe 6 Machi 1942. Alama yake ya kweli ilikuwa kuharibu herufi ya 16. Katika jumbe alizokutwa nazo, herufi hiyo ilikuwa imeangukia neno "stop", naye alikuwa amelifanya "stip" na "step". Alipobanwa aitaje alama yake, akajibu kwamba ni kuliharibu neno "stop" mara moja kila ujumbe. Wakatazama karatasi, wakaona ndivyo. Tangu hapo akawapigia Wajerumani kitufe chake huku herufi ya 16 ikiwa salama kila mara, yaani akipiga yowe. London ikapokea, ikaona alama haipo, ikaendelea kupanga safari za ndege. Wengine zaidi ya 50 walinaswa katika mtego huo wa Uholanzi, wengi wao wakipokewa uwanjani na Wajerumani waliojifanya wapinzani.

Ufaransa nako yalitokea. Gilbert Norman wa mtandao wa Prosper alikamatwa Juni 1943, na ujumbe uliotumwa kwa jina lake haukuwa na alama ya kweli. London ikajibu kwa kumkaripia: umesahau alama yako ya pili, kuwa mwangalifu. Jibu hilo lilisomwa na waliomshika. Noor Inayat Khan, mwanamke wa kwanza mwendesha redio kupelekwa huko, alibaki peke yake Paris kwa miezi kadhaa wenzake walipokwisha. Alipokamatwa Oktoba 1943 hakusema kitu, lakini daftari lenye jumbe zake zote lilikuwa nyumbani. Redio yake ikatumika, na Februari 1944 watu walioshuka karibu na Chartres walikabidhiwa moja kwa moja kwa Gestapo, polisi wa siri wa Hitler. Noor aliuawa katika kambi ya mateso ya Dachau, Ujerumani, tarehe 13 Septemba 1944.

Marks alishuku Uholanzi kwa sababu ya kiufundi kabisa: jumbe zake hazikuwa na makosa. Kila nchi ilileta mafumbo yasiyofunguka, ila Uholanzi. Mtu aliyekaa mezani kwa utulivu, bila hofu ya mlango kuvunjwa, ndiye asiyekosea namba. Wakubwa wake hawakutosheka na ushahidi huo.

Mwishoni mwa Agosti 1943 mateka wawili, Pieter Dourlein na Ben Ubbink, walitoroka gereza la Haaren, wakafika Uswisi Novemba wakaeleza yote. Hermann Giskes, afisa wa ujasusi wa Ujerumani aliyeuendesha mchezo huo, alikuwa ameshatangulia kuiambia London kwa redio ileile aliyoiteka: hao wawili, alisema, wamegeuzwa na Gestapo. Walipofika Uingereza mwanzoni mwa 1944 walihojiwa, wakawekwa kizuizini, na hatimaye wakafungwa katika gereza la Brixton. Tarehe 1 Aprili 1944 Giskes mwenyewe alituma ujumbe wa mwisho usio na fumbo lolote, akiwashukuru wenyeji wake wa London kwa biashara ndefu. Hata baada ya ujumbe huo, Dourlein na Ubbink walikaa chini ya ulinzi mpaka majeshi ya Washirika yalipokwisha kutua Normandy.