Je, wajua kwa nini mwongozaji wa makala za historia hujenga bwawa kisha akalibomoa?

Makala za televisheni kuhusu wanyama au siasa hupigwa pale mambo yanapotokea. Anayetengeneza makala za historia ya uhandisi hana bahati hiyo: kazi anazosimulia zilishapita, na mara nyingi waliozifanya hawakuacha hata mchoro. Anaweza kuwahoji wataalamu, kutumia picha za kumbukumbu, kuwavalisha waigizaji nguo za zamani au kuagiza michoro ya kompyuta. Yote hayo yana nafasi yake, ila mchoro wa kompyuta humtii aliyeuchora. Akitaka jiwe la tani 25 lipande, litapanda. Jiwe lenyewe halimtii mtu. Ndiyo maana waongozaji waliobobea katika fani hii hupenda kuijenga kazi ya kale upya na kuijaribu mbele ya kamera, kabla hata wao hawajajua kitakachotokea.

Chukua mabwawa ya Ujerumani. Usiku wa kuamkia tarehe 17 Mei 1943, wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, ndege 19 za mabomu aina ya Lancaster za jeshi la anga la Uingereza ziliruka kwenda kuyavunja. Zilibeba silaha aliyoibuni mhandisi Barnes Wallis: bomu lenye umbo la pipa na uzito wa zaidi ya tani 4. Kabla ya kuachiwa lilizungushwa kinyumenyume mara 500 hivi kwa dakika, ndege ikiwa mita 18 tu juu ya maji. Bomu lilidundadunda, likavuka nyavu zilizotegwa kuzuia topido (makombora yanayokwenda chini ya maji), likagonga ukuta, na ule mzunguko ukalifanya lizame huku limeuambaa ukuta. Lilipofika kina cha mita 9 hivi, mgandamizo wa maji ulifyatua kilipuzi. Mabwawa ya Möhne na Eder yalivunjika. Zaidi ya watu 1,000 walikufa kwa mafuriko, wengi wao wageni waliokuwa wakilazimishwa kufanya kazi Ujerumani. Ndege 8 hazikurudi.

Je, ni kweli pipa zito namna hiyo hudunda? Mwaka 2011 kituo cha Channel 4 cha Uingereza kilionyesha makala iliyolijibu swali hilo kwa vitendo. Mhandisi Hugh Hunt wa Chuo Kikuu cha Cambridge alipiga hesabu upya, bwawa dogo la kimo cha mita 9 hivi likajengwa Kanada, na ndege ikadondosha pipa linalozunguka. Pipa lilidunda na kuufikia ukuta.

Siku kama hiyo mwongozaji hawezi kusema "turudie". Mhandisi anataka vipimo, yeye anataka picha, na wote wawili wana nafasi moja. Kamera moja hukaa chini, karibu na usawa wa maji, ili kila mdundo uonekane. Nyingine huwekwa mbali ikiona eneo lote, na hiyo haizimwi wala haigeuzwi. Kamera za kasi hupiga mamia au maelfu ya picha kwa sekunde, kwa hiyo hifadhi yake hujaa upesi, na anayezishika hulazimika kujua mapema atabonyeza lini. Nyuma ya sekunde hizo chache kuna miezi ya vibali vya anga, vya baruti na vya ardhi. Sehemu kubwa ya ajira hii ni simu na makaratasi. Wengi huanzia kwenye utafiti, wakichimba nyaraka na kutafuta wataalamu, kabla ya kukabidhiwa filamu ya kuongoza.

Jaribio likishindwa nalo ni habari, na kwa maoni yangu ndiyo habari tamu zaidi. Mwaka 1994 timu ya televisheni ilijaribu huko Misri kusimamisha mnara mkubwa wa jiwe kwa mbinu za kale, ikashindwa. Mwaka 1999, huko Massachusetts, Marekani, jiwe kama hilo la tani 25 liliburutwa hadi kwenye shimo lililojazwa mchanga. Mchanga ukawa unatolewa chini yake kidogokidogo. Kitako cha jiwe kikashuka huku ncha yake ikijiinua, hadi kitako hicho kikakaa kwenye mfereji uliochongwa kwenye msingi. Kamba zikamalizia kazi.

Hapo ndipo uaminifu wa mwongozaji hupimwa. Mchanga ule ulionyesha kwamba njia hiyo inawezekana, haukuthibitisha kwamba Wamisri waliitumia. Vivyo hivyo Kanada: ndege ilikuwa ya aina ya DC-4, si Lancaster, na pipa lilikuwa bila baruti, ukuta ulibomolewa baadaye kwa vilipuzi vilivyowekwa makusudi. Mhariri angeweza kuziunganisha picha hizo zionekane tukio moja, na watazamaji wengi wasingeng'amua. Ni maneno ya msimulizi yanayopaswa kuwaambia kwamba yalikuwa matukio mawili.