Simocyon: "mbwa" aliyekuwa ndugu wa panda mwekundu

Mtu akikuwekea mezani taya la Simocyon, mla nyama aliyetoweka zamani, bila kukuambia limetoka wapi, utasema ni la mbwa. Hutakuwa wa kwanza. Mtaalamu wa visukuku Wagner alipoipa jenasi hii jina mwaka 1858, alichagua maneno ya Kigiriki yenye maana ya "mbwa mwenye pua bapa". Mwaka 1945 mtaalamu mwenzake Simpson, katika uainishaji wake mkubwa wa mamalia, aliliweka kundi la Simocyon ndani ya familia ya mbwa, pamoja na Lycaon, yaani mbwa mwitu yuleyule anayewinda Ruaha na Laikipia. Wengine walimpeleka kwa dubu, wengine kwa rakuni. Leo tunajua ni wa familia ya Ailuridae, ambayo aliyebaki hai ni panda mwekundu wa Himalaya peke yake.

Kosa lilianzia kwenye meno. Simocyon ana chonge nene, masagego (meno yaliyo kati ya chonge na magego) ya mbele yamepungua au yametoweka kabisa na kuacha pengo, kisha sagego la nne limesimama refu na imara, likifuatiwa na magego ya kukatia nyama. Ni kinywa cha mla nyama anayeweza pia kuvunja mfupa. Tatizo ni kwamba meno hufuata chakula kuliko yanavyofuata ukoo. Wanyama wawili wasiohusiana wakila nyama kwa miaka milioni kadhaa, magego yao huanza kufanana, nawe ukiyategemea hayo tu utawaita ndugu. Panda mwekundu naye alienda upande wa pili: magego mapana yenye vinundu vingi, ya kusaga majani ya mianzi. Ukiweka taya zao sambamba hakuna atakayekubali kwamba ni familia moja, na mimi simlaumu.

Kwa hiyo geuza fuvu, uangalie chini na nyuma. Kuna mambo mawili ya kutafuta. La kwanza ni kijishimo kilicho ndani ya sikio la kati, juu ya tundu la kuingilia sauti. Mbwa na dubu hawana. Wanacho jamaa wa kundi kubwa la nyegere, fisimaji, rakuni na panda mwekundu. La pili ni mfereji mfupi wa mshipa wa damu unaopita ndani ya mfupa chini ya fuvu, nyuma ya tundu la jicho. Mbwa na dubu wanao, panda mwekundu anao, ila nyegere na rakuni wameupoteza. Sasa fanya hesabu: Simocyon ana vyote viwili; kijishimo kinamtoa kwa mbwa na dubu, na mfereji unamtoa kwa nyegere na rakuni. Anayebaki ni panda mwekundu. Mafuvu kutoka Uchina yaliyochapishwa na Xiaoming Wang mwaka 1997 ndiyo yaliyoipa hoja hii uzito.

Mahali hapo pana mtego. Kijishimo hujaa udongo uliogeuka mwamba, na ukikitazama juujuu utaandika "hakipo". Kisafishwe kwa sindano chini ya hadubini, au fuvu lipigwe picha za tabaka kwa mionzi. Ukilazimisha kwa kifaa kinene, ukuta wa sikio, ambao ni mwembamba kama ganda la yai, unavunjika na ushahidi unaondoka na vumbi.

Ushahidi wa mifupa ya mkono ulichelewa hadi 2006, na ulitoka Batallones-1, kusini mwa Madrid. Machimbo ya madini ya sepiolaiti yalifichua mashimo ya hapo mwaka 1991. Miaka kama milioni 9 iliyopita yalikuwa mapango yenye kuta za kutelemka kwa ghafla: mnyama aliingia kwa maji au kwa harufu ya mzoga, akashindwa kutoka, naye akawa chambo cha anayefuata. Ndiyo maana karibu asilimia 98 ya mifupa ya mamalia wakubwa pale ni ya wala nyama, jambo la ajabu, kwa kuwa porini wanaoliwa huwazidi walaji mara nyingi. Pia ndiyo maana mikono ilipatikana ikiwa na vifupa vyake vidogo.

Kifupa kinachohusika huitwa sesamoidi ya radiasi. Hukua ndani ya kano upande wa kidole gumba, kama pia ya goti inavyokua ndani ya kano ya paja. Kwa wala nyama wengi ni punje tu. Kwa Simocyon batalleri, spishi iliyopatikana Batallones, kimekua na kujitokeza pembeni ya kifundo kama kidole cha sita, kwa umbo linalokaribiana sana na la panda mwekundu. Kwa kuwa hakijaungana na mfupa wowote, hudondoka mapema nyama ikioza. Mchimbaji achore na kupiga picha kiganja kizima kabla ya kuinua chochote, kisha udongo wote wa jirani upitishwe kwa maji kwenye chekecheke lenye matundu ya milimita 1 au chini yake. Bila hivyo utakuwa na mkono mzuri usio na jibu.

Sasa, mla nyama mwenye ukubwa wa puma alikitakia nini kidole cha bandia? Mianzi hakuitafuna. Bega lake lina eneo la ziada la kushikia misuli kama la dubu, na kifundo chake ni chepesi kugeuka: ni mwili wa mpandaji miti, ingawa alitembea ardhini pia. Batallones palikuwa na Machairodus, paka wa meno ya kisu mwenye umbo la simba, kwa hiyo tawi la kushika lilikuwa na thamani. Waliomchunguza walihitimisha kuwa kidole hicho kilianza kwa kupanda, na panda mwekundu akakirithi, kisha akakipa kazi ya pili ya kushika mianzi.

Panda mkubwa naye ana kidole cha bandia, lakini yeye ni dubu, na kidole chake kina historia nyingine kabisa. Kwa babu yake Ailurarctos wa Yunnan, miaka milioni 6 hadi 7 iliyopita, kilikuwa tayari kipo, tena kirefu kuliko cha leo lakini bila ncha iliyopinda. Baadaye kikafupika na kupata kulabu, maana mwenye kilo 100 hukanyaga chini kwa mkono uleule anaoshikia chakula.