Utafiti na uendelezaji wa kampuni: maana yake katika kompyuta na mitandao

Katika hesabu za mwaka za kampuni za kompyuta na mawasiliano huwamo fungu la matumizi linaloitwa utafiti na uendelezaji. Wengi wetu hapa Zanzibar tumezoea kusema "utafiti na maendeleo", lakini naona tafsiri hiyo inapoteza nusu ya maana, kwa sababu maendeleo ni hali inayofikiwa na mtu au nchi, ilhali kinachokusudiwa hapa ni kazi yenyewe: kukichukua kilichogunduliwa na kukihangaikia mpaka kiwe kitu cha kutumika na kuuzwa.

Mwaka 1963 wataalamu wa nchi za OECD, yaani jumuiya ya ushirikiano wa kiuchumi ya nchi tajiri, walikutana Frascati, Italia, wakaafikiana namna ya kuipima kazi hii. Kwa mujibu wa mwongozo wao, kuna utafiti wa msingi, unaotafuta elimu bila ya kulenga matumizi maalumu. Kuna utafiti unaolenga haja fulani. Na kuna uendelezaji, unaotumia elimu hiyo kuunda bidhaa au njia mpya. Zote tatu zinaunganishwa na sharti moja ambalo husahauliwa sana, nalo ni kwamba matokeo yasiwe yanajulikana tangu mwanzo. Fundi anayetandaza waya wa mtandao katika hoteli ya Paje, hata awe hodari namna gani, hafanyi utafiti, kwani anajua kwamba akiunganisha sawasawa mtandao utafanya kazi. Mwanafunzi wa Mbweni anayejaribu kuunda antena ya aina mpya itakayostahamili chumvi ya pwani, na asiyejua kama itafaa, huyo yumo ndani ya maana hii.

Mfano ulio wazi zaidi ni uzi wa kioo unaopitisha intaneti. Waya wa telegrafu uliotufikia Zanzibar kutoka Aden mwaka 1879, kwa njia ya chini ya bahari, ulikuwa wa shaba, na kwa miaka mingi baadaye hakuna aliyeona kwamba kioo kingeweza kuchukua nafasi yake, kwa kuwa mwanga ulikuwa ukifia humo ndani ya mita chache. Mwaka 1966 Charles Kao na George Hockham, wakifanya kazi katika maabara ya kampuni moja ya simu mjini Harlow, Uingereza, walionesha kwamba tatizo kubwa lilikuwa uchafu uliomo ndani ya kioo, na kwamba upotevu ukishushwa hadi desibeli 20 kwa kilomita (desibeli ni kipimo cha upotevu, na kila desibeli 10 hubakisha sehemu moja ya kumi), yaani baada ya kilomita moja ibaki sehemu moja tu ya mia ya mwanga, mawasiliano yangewezekana. Huo ulikuwa utafiti. Mwaka 1970 kampuni ya vioo ya Corning, Marekani, ikatengeneza uzi uliofikia desibeli 17, na hapo ndipo uendelezaji uliposhika kasi. Nyuzi za leo hupoteza takriban desibeli 0.2 kwa kilomita, kiasi kwamba mwanga ukivuka mlango wa bahari baina ya Unguja na Pemba, wenye kama kilomita 50, sehemu moja ya kumi bado huwa hai.

Mpaka baina ya maneno haya mawili unaonekana hata katika daftari la mhasibu. Kanuni za kimataifa za uhasibu, katika kiwango cha IAS 38, zinataka gharama za utafiti zihesabiwe kuwa matumizi ya mwaka ule ule, ilhali gharama za uendelezaji, zikitimiza masharti yaliyowekwa, huandikwa kuwa mali ya kampuni.

Hata hivyo, kampuni inayolipia kazi hii si lazima iwe ndiyo itakayovuna zaidi. Xerox, iliyojulikana kwa mashine za kutolea nakala, ilifungua maabara Palo Alto, Marekani, mwaka 1970, na mwaka 1973 Robert Metcalfe akabuni humo Ethernet, njia ya kuunganisha kompyuta za jengo moja ambayo mpaka sasa ndiyo inayotumika katika maofisi yetu ya mjini Unguja. Mwaka 1979 Metcalfe aliondoka na kuanzisha kampuni yake, 3Com, na mwaka uliofuata Xerox, pamoja na kampuni za DEC na Intel, ikachapisha maelezo kamili ya Ethernet ili kampuni nyengine nazo ziweze kutengeneza vifaa vyake.